Mzee Nathanael Nnko, Mwalimu wa Kuanguka

Ndugu waombolezaji, familia imeniagiza nisome maisha ya mzee wetu bila kutia chumvi, nami nimejitahidi, ingawa mwenyewe alikuwa nayo ya kutosha.

Marehemu Nathanael Nnko alizaliwa tarehe 14 Machi 1946, Akeri, Meru, akasoma hapo hapo hadi darasa la nane mwaka 1962, akawa seremala, kisha tarehe 1 Juni 1979 akaajiriwa na kituo cha mazoezi Tengeru, kuwafundisha kutembea watoto waliopooza miguu kwa polio. Mwaka 1981 alifunga ndoa na Anyesi, mshonaji wa mikanda ya vyuma vya miguu pale kituoni, wakajaliwa Maria na Efraimu.

Wenzake walianza na kusimama, yeye alianza na kuanguka, kwa kuwa, alisema, mtoto anayeogopa sakafu hataachia ukuta. Mitumba ilipofurika sokoni Tengeru, aliomba makoti mazito yaliyokosa wanunuzi, akayashindilia kwenye gunia, akawa anawasukuma watoto waangukie juu ya gunia hilo.

Septemba 1987, Mama Simaloi wa Oldonyo Sambu alimkuta akimsukuma binti yake Namnyaki, wa miaka minane, akambeba mtoto mgongoni na kuondoka, akisema hakumleta kucheza mieleka. Hiyo ilikuwa shida kubwa, maana mwalimu mkuu alishasema Namnyaki ataandikishwa Januari endapo tu atafika darasani na chooni peke yake. Marehemu akawafuata hadi bomani, akajifunga vyuma miguuni, akaanguka mbele ya wazee kwa ustadi mkubwa, ila hakuangalia anapoangukia, na ng'ombe walikuwa wametoka hapo punde. Mama Simaloi alicheka hadi akakaa chini, na mtoto akarudi Tengeru.

Tarehe 11 Januari 1988, Namnyaki alianguka katikati ya uwanja wa shule, walimu wakakimbilia kumwinua, akawakatalia, akainuka mwenyewe, na marehemu, aliyejificha nyuma ya ua, alilia mpaka yeye ndiye akahitaji kuinuliwa.

Mwaka 2001 alipata kiharusi, na aliyekuja kumfanyisha mazoezi ni Namnyaki yule yule, sasa mtu mzima, akatandika gunia lile lile, akamsukuma. Alilalamika kuliko mtoto yeyote, lakini Pasaka iliyofuata alitembea hadi kanisani. Shinikizo la damu, lililomletea kiharusi, lilipanda tena, akafariki tarehe 9 Februari 2003.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, majirani, wafanyakazi wenzake, na Mama Simaloi, aliyeleta ng'ombe wa msiba huu. Mzee wetu, pumzika kwa amani, na siku ile itakapofika, tafadhali usikatae kuinuliwa.