Wamucii Ngatia, Aliyemnyima Mamake Bahari

Ijumaa, tarehe 28 Novemba 2025, Bi. Wamucii Ngatia atafunga droo zake kwa mara ya mwisho na kukabidhi ufunguo. Amefanya kazi katika kampuni yetu ya Mteremko Safari, hapa Nyeri, kwa miaka ishirini na saba. Kumi na sita ya mwisho ameitumia kuwachagulia watu wa miji inayouzunguka Mlima Kenya matembezi ya miguu na safari za kayaki katika hifadhi ya taifa kule pwani. Meneja wetu, Bw. Chris, ameniomba niandike wasifu huu kwa sababu, kwa maneno yake, hakuna mfanyakazi aliyegombezwa na Bi. Wamucii kunishinda mimi. Sifa hiyo naipokea kwa mikono miwili.

Kwa wageni watakaosoma programu hii ya sherehe ya kumuaga wakisubiri chakula: kayaki ni chombo chembamba cha mtu mmoja au wawili. Unakaa humo miguu imenyooka mbele, makalio karibu na maji, na unapiga kasia kulia na kushoto mpaka mabega yakukumbushe umri wako.

Bi. Wamucii alizaliwa karibu na Kutus, mtoto wa tatu wa Bi. Nduta, mkulima wa kahawa na nyanya. Aliingia Mteremko Safari mwaka 1998 kama mpiga chapa. Wakati huo kampuni ilikuwa na wafanyakazi wanne na simu moja yenye kufuli, na wateja wetu wote walikuwa wageni waliokuja kupanda mlima. Mwaka 2009, katika mkutano wa wafanyakazi, alisimama akauliza kwa nini tunawauzia mlima watu wa mbali, na wale wanaouona kila asubuhi wakienda kukama hatuwauzii chochote. Kwa kumjibu, wakampa kazi hiyo yeye.

Safari ya kwanza ilikuwa aibu tupu, na yeye mwenyewe ameniruhusu niiandike. Wakulima wa chai ishirini na wawili kutoka Kangari walitaka kuona bahari. Bi. Wamucii aliwachagulia kayaki kwa kutazama picha kwenye karatasi ya matangazo: maji ya buluu, vyombo vyekundu, watu wanacheka. Kulikuwa na safari yenye kiongozi na isiyo na kiongozi. Alichukua isiyo na kiongozi, kwa kuwa ilikuwa rahisi na picha yake ilikuwa nzuri zaidi.

Wakulima wale walifika ufukweni wamevaa sweta na gambuti. Mwenyekiti wao, Bw. Gicheru, alikuwa amewaagiza hivyo: wanaenda majini, na gambuti ni viatu vya maji. Waliingia kwenye hori, yaani mkono wa bahari unaoingia nchi kavu, katikati ya mikoko saa nne asubuhi wakiimba. Hakuna aliyewaambia kwamba maji ya bahari huja na kuondoka. Saa sita Bw. Gicheru alipiga simu ofisini, na maneno yake bado tunayarudia wakati wa chai: "Madam, maji imeisha. Imeenda wapi sijui. Sisi tuko hapa tu kwa matope."

Walikaa kwenye matope saa nne, juani. Mama mmoja alizimia. Wavuvi wa kaa wa pale waliwatoa mmoja mmoja kwa kutandika mbao, na gambuti kumi na saba zimebaki huko hadi leo. Walirudi Kangari wote wakiwa wazima, na siku hizi Bw. Gicheru huisimulia hadithi hii harusini. Lakini Bi. Wamucii alilia siku ile mezani kwake mbele ya watu wote, na akaapa kwamba hatampeleka tena majini mtu ambaye hakuandaliwa, hata awe nani.

Kisha akaomba likizo. Alikwenda pwani kwa wiki tatu, akajifunza kupiga kasia, akaanguka majini mara kumi na moja kwa hesabu yake, na akatembea na kila kiongozi aliyekubali kutembea naye. Alirudi na pua inayobambuka na daftari la shule lililojaa. Tangu siku hiyo hakuna mteja wetu aliyetumwa bila kiongozi, na hakuna kiongozi aliyepata kazi yetu kabla ya kujibu swali lake moja: lini mara ya mwisho ulikataa kuwapeleka wateja majini? Aliyejibu kwa fahari kwamba hajawahi kukataa, jina lake lilikatwa papo hapo. Bw. Kombe, ambaye tumefanya naye kazi mpaka leo, alijibu kwamba ilikuwa Jumanne iliyopita, kwa sababu ya upepo, na wateja walimtukana. Akaajiriwa kabla simu haijakatwa.

Kwa wateja alibuni kile ambacho mji mzima unakijua kama mtihani wa Ruring'u. Unatembea kutoka ofisini hadi uwanja wa Ruring'u na kurudi. Halafu unakaa sakafuni, miguu imenyooka, ukizungusha mpini wa ufagio kulia na kushoto kwa dakika arobaini. Ukifaulu yote mawili, unakwenda kayaki. Ukishindwa na ufagio, unapewa matembezi ya miguu kwenye mikoko, na kiongozi wa kukuonyesha ndege. Ukishindwa kutembea, unachaguliwa hoteli nzuri yenye kivuli. Naibu mwalimu mkuu mmoja alitoka kwa hasira na tai yake mabegani. Koplo Selpha, aliyekuwa amehamishiwa hapa kutoka Busia, alimaliza dakika arobaini akaomba aongezewe. Bw. Chris aliandika barua kulalamika kwamba wateja wanafukuzwa. Bi. Wamucii aliisoma, akaitoboa matundu mawili, akaiweka kwenye faili.

Sasa nifike mahali ambapo mimi mwenyewe niliharibu.

Mwaka 2018 kikundi cha akina mama wa kanisa kutoka Kutus kilijiandikisha kwa safari ya Agosti. Siku moja mwezi wa tatu, Bi. Wamucii akiwa ameenda Karatina kikazi, aliingia mama mmoja wa miaka sabini na mitatu, leso imefungwa vizuri, macho makali. Alijiandikisha kama N. Kinyua. Nilimpeleka kwenye mtihani. Alikwenda Ruring'u na kurudi kwa muda mfupi kiasi kwamba nilimsifu. Hakuwa na jasho hata tone. Mimi kwetu ni magharibi, na heshima kwa wazee nimelelewa nayo; sikufikiria kabisa kwamba mama wa kanisa anaweza kupanda bodaboda katikati ya mtihani. Alipokaa na ufagio, alinitazama kwa huruma. "Kijana yangu, wewe umekonda hivi, umekula kweli?" Akatoa kwenye kikapu viazi vitamu na ndizi. Tulikula. Dakika arobaini zikawa kumi na tano, na nikaandika kwenye fomu: amefaulu.

Siku mbili baadaye Bi. Njoki, mwenyekiti wa kikundi, alimpigia Bi. Wamucii simu kumshukuru kwa kumpa mama yake mwenyewe, Bi. Nduta, nafasi. Bi. Wamucii alichukua fomu, akasoma jina la babu yake mzaa mama, Kinyua, akanitazama, na nikasimulia kila kitu mpaka kwenye viazi. Alichukua kalamu akalikata jina lile. Nilijaribu kusema kwamba huyu ni mama yake mzazi. Hakupandisha sauti. "Seth, mtu mwingine nikikosea, nitalia. Huyu nikikosea, ni mimi nitamzika."

Vita vikaanza. Bi. Nduta alikuwa amesikiliza habari za bahari kila Krismasi kwa miaka tisa kutoka kwa binti yake, na alitaka kuiona akiwa ndani yake, si kutoka kwenye kiti cha hoteli. Hakutaka kusikia habari za matembezi ya mikoko. Aliacha kupokea simu. Mchungaji alitumwa Nyeri, akarudi mikono mitupu. Kaka yake Wamucii, Bw. Kingori, aliendesha gari kutoka Kutus kuja kumuuliza dada yake kama siku hizi yeye ndiye serikali. Mama mwenyewe alituma ujumbe mmoja tu, nami ndiye niliyeupokea: "Muambie ati bahari si ya baba yake."

Nilimwona Bi. Wamucii akirudisha chakula nyumbani bila kukigusa, wiki nzima. Nilijua angeweza kumaliza yote kwa saini moja. Hata Bw. Chris alimwambia afumbe jicho mara hii. Badala yake, Jumamosi moja alibeba ufagio wa ofisi akaenda Kutus. Alimwambia mama yake kwamba sharti halibadiliki, kwamba imebaki miezi mitano, na kwamba yeye atakuja kila Jumamosi kumfundisha. Mama akafunga mlango. Jumamosi ya pili alimpa chai, lakini ainywe nje. Ya tatu akasema alete huo ufagio auone.

Wakatembea kila Jumamosi kati ya mashamba ya nyanya, mwanzoni hadi mferejini tu, kisha hadi sokoni, kisha hadi sokoni na kurudi. Kati ya wiki, Bi. Nduta alikaa juu ya gunia mlangoni pa jiko, miguu imenyooka, akiambua maharagwe hivyo hivyo, na majirani wakadhani amepooza. Kingori aliacha kugombana, akaanza kuhesabu dakika kwa simu yake.

Mwishoni mwa Julai alirudi ofisini, safari hii kwa jina lake. Niliamriwa nimfuate nyuma hatua kwa hatua, macho kwenye kila bodaboda. Sikuhitaji. Kwenye kilima cha kurudi mjini aliniacha, akanisubiri juu, akaniuliza tena kama nakula. Kisha akakaa sakafuni na ufagio. Dakika arobaini zilipotimia binti yake alisema inatosha. Mama alijibu kwamba bado hajasikia kuchoka, akaendelea hadi hamsini. Ofisi nzima ilisimama ikapiga makofi, na Bw. Chris alikuwa wa kwanza kusimama. Bi. Wamucii aliandika matokeo kwa mkono wake, kisha akatoka nje kidogo kupangusa macho.

Nilikuwa nao pwani ile Agosti, mimi na akina mama kumi na wanne. Asubuhi ya kwanza wote walikuwa wamevaa majaketi ya kuelea, wamepigwa picha, wameomba. Bw. Kombe alitazama maji, akatazama miti, akasema leo hapana, upepo umegeuka. Kwa macho yetu ya mlimani bahari ilikuwa imetulia. Kelele zilipanda, na sauti ya Bi. Nduta ikazipita zote: "Nimekaa chini miezi tano na fagio, halafu huyu ananiambia upepo?" Macho yote yakamgeukia Bi. Wamucii. Alifungua jaketi lake, la kwanza kufunguliwa, akalikunja akaliweka mchangani. Tukaenda kutembea kwenye mikoko na Bw. Kombe, wengine wamenuna, na kabla ya saa sita mawimbi yalikuwa yakipiga mahali pale pale ambapo tungekuwa. Bi. Nduta aliyatazama, kisha akaenda kumpa Bw. Kombe mkono.

Kesho yake palikuwa shwari. Mama alikaa mbele, binti nyuma, katika kayaki ya watu wawili, na Bw. Kombe pembeni yao. Walivuka hori lote hadi kwenye fungu la mchanga upande wa pili, na Bi. Nduta hakupumzisha kasia hata mara moja. Akina mama waliokuwa nyuma walipiga vigelegele vya Kikuyu mpaka ndege wakaruka kwenye mikoko. Aliposhuka, alikataa kushikwa mkono. Alisimama mchangani kwa miguu yake, maji yakimfika magotini, akamwambia binti yake mbele yetu sote: "Ungenikubalia ile siku ya kwanza, ungenileta hapa kama mzigo. Saa hii nimejileta."

Bi. Wamucii alimkumbatia na kulia waziwazi. Nami nililia, ingawa nilisema ni chumvi.

Habari ilifika mlimani kabla yetu. Tangu mwaka ule hakuna mteja aliyekuja kaunta kuomba apitishwe kwa upendeleo, kwa sababu kila mtu anajua mama wa nani alikataliwa. Idadi ya wanaojiandikisha imeongezeka mara tatu. Bw. Chris aliitoa barua yake kwenye faili akaichana mwenyewe, na mwaka huu sharti la Bi. Wamucii limeandikwa katika kanuni za kampuni, neno kwa neno, hadi kwenye ufagio. Bi. Nduta sasa ana miaka themanini. Atakuwa mstari wa mbele Ijumaa, na amenijulisha kwamba atazungumza, iwe amepangiwa dakika au hakupangiwa.

Bi. Wamucii, sisi wenzako tunakushukuru kwa ukali wako, kwa chai uliyotununulia baada ya ukali huo, na kwa kutufundisha kwamba hapana ya leo inaweza kuwa kazi ya miezi mitano ya upendo. Upumzike unavyotaka, ulale hadi jua liwake, Mungu akupe afya na miaka mingi ya kufurahia. Nimepitia madaftari yako yote, moja baada ya jingine. Tangu ulipoapa pale mezani, umewapeleka baharini watu elfu tatu mia nne na kumi na wawili kutoka Nyeri, Kutus, Kangari na miji mingine ya mlima wetu. Wote walirudi nyumbani, na mama yako ni mmoja wao.

Seth, kwa niaba ya wafanyakazi wote wa Mteremko Safari