Historia ya Fundi Refugio Anguiano, Aliyeezeka Bweni la Wasichana kwa Matofali

Ndugu waombolezaji, mimi ni Amparo, mtoto wa kwanza wa marehemu, nasoma haya kwa niaba ya familia.

Marehemu baba yetu, Refugio Anguiano, alizaliwa tarehe 4 Julai 1931, kijiji cha jirani na mji wa Lagos de Moreno, akasoma mpaka darasa la tatu, kisha mjomba wake akamchukua na kumfundisha kujenga mapaa ya tao, yale yanayopandishwa tofali moja moja bila mbao za kuegemeza wala nondo.

Mwaka 1956 alimwoa mama yetu, Eduviges, na Februari iliyofuata wakaja hapa San Bartolo, kwani chuo kikuu kilikuwa kinajenga bweni la kwanza la wasichana, kuta zimekwisha, nondo za paa hazijafika, na mvua zinakaribia. Kwa miezi mitano baba na wenzake wanne waliezeka vyumba arobaini na viwili kuzunguka ua, kila chumba na tao lake.

Wazazi wa wasichana walikataa. Mmoja alisema mbele ya watu, "Paa halina hata chuma kimoja! Binti yangu alale humo, mna wazimu?" Baba akamjibu, "Basi, bwana, nitalala mimi na mke wangu, na tumbo lake hilo." Wakahamia chumba namba saba, nikazaliwa humo tarehe 19 Oktoba 1957, na Januari wasichana wakaingia. Baadaye walizaliwa wadogo zangu, Sabino na Leobardo.

Mwaka 1971 wakubwa wa chuo waliamua kuongeza ghorofa juu ya bweni. Baba aliwaambia, "Matao haya yanajibeba yenyewe, hayawezi kubeba kitu kingine." Wakatafuta fundi mwingine, akajenga. Tarehe 8 Septemba 1973, saa nne asubuhi, chumba namba kumi na tisa kiliporomoka, akafariki Rosaura Tiscareño, miaka ishirini, mwanafunzi wa uuguzi.

Uchunguzi haukumtia baba hatiani. Alikwenda mazishini, na mama wa msichana akamuuliza, "Ulijua?"

"Nilijua, mama. Niliwaambia."

"Walipokataa, ukaenda zako nyumbani?"

Tangu siku hiyo baba hakushika tena mwiko wa kujengea. Ghorofa lilipobomolewa na chumba kukarabatiwa, aliomba kazi ya bawabu katika bweni lile lile, na kwa miaka ishirini na tatu, wasichana wakiwa darasani, alipita vyumbani akigonga matao kwa mpini wa ufagio na kusikiliza. Nyumbani alizungumza ya lazima tu, chumvi, mlango, dalili za mvua. Mama alimvumilia mpaka mama mwenyewe alipofariki, mwaka 2009.

Mapafu yalianza kumsumbua mwaka 2015, na tarehe 2 Machi 2018, saa tisa alasiri, akafariki. Asubuhi hiyo nilimwambia, "Baba, bweni limesimama, wasichana wamo." Akaniuliza, "Umegonga?" Nikamwambia nimegonga vyumba vyote arobaini na viwili, akafumba macho. Sikuwa nimegonga hata kimoja.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi wa wodi ya wanaume, majirani mlioleta kahawa na mikate tangu juzi, mabawabu wenzake, na wasichana wa bweni mliokuja na sare zenu. Mnaoniuliza kama nimelia, bado.

Baba, umesimama muda mrefu. Pumzika sasa, kwa amani.