Mkwe Aliyetafuna Kahawa Bila Kukunja Uso

Baba Paroko, majirani wa Al Amerat hapa Muscat, na ninyi ndugu mliotoka kazini Khuwair mkiwa bado na sare, familia inawashukuru kwa kuacha yote mkaja, nasi hatutawaficha kitu, tunayemsindikiza leo alikuwa mtu wa kushukiwa, na historia yake haisomeki bila kumtaja aliyemshuku kuliko wote, Mzee Ildefonce, baba mdogo wa mjane wetu Belinda, aliyeketi hapa mbele, na ambaye ametupa ruhusa, ingawa shingo upande.

Leonard Askwith alizaliwa tarehe 14 Machi 1951 mjini Hull, Uingereza, mtoto wa tatu wa mpakua mizigo bandarini na mshona nguo, akasoma hapo hapo hadi sekondari, na mwaka 1969 akaingia chuo cha uigizaji London, ambako mwalimu alimwambia wazi kwamba kwa sura ile nyota hatakuwa, lakini njaa hatalala. Ikawa hivyo, kuanzia 1973, kwa miaka zaidi ya arobaini, alionekana katika sinema na tamthilia za televisheni, ndiye daktari anayeficha majibu, ndiye wakili anayemzunguka mjane, ndiye mhudumu wa hoteli anayejua maiti iko wapi, sura ambayo kila mtu anaijua na jina hakuna anayelijua.

Alifika Muscat Novemba 2011 kupiga sinema huko Yiti, akiigiza nahodha mlevi, na Belinda wetu, binti wa Bukoba aliyekuwa akiwapakulia chakula wapiga picha, alimwona nahodha huyo akirudisha sahani yake na kuiosha mwenyewe, akapenda. Ildefonce, fundi viyoyozi, aliyesimama mahali pa baba hapa ugenini, hakupenda hata kidogo, akazitafuta zile tamthilia, akazitazama moja baada ya nyingine, na kila akimaliza anampigia Belinda simu kumjulisha kwamba mchumba wake leo kamtilia shangazi yake sumu.

Posa ililetwa Al Amerat tarehe 8 Februari 2013, na kwa desturi yetu Wahaya mgeni alikaribishwa kwa kahawa ya kutafuna, ile inayochemshwa na kukaushwa na maganda yake, ambayo asiyeizoea hukunja uso, wazee hucheka, na mazungumzo huanza. Leonard alitafuna, akameza, akaomba nyingine. Wazee wengine walifurahi, Ildefonce peke yake aliingiwa na baridi, akasema mtu anayeweza kuutuliza uso namna ile mbele ya uchungu ule, siku akimdanganya mtoto wetu nani atajua?

Walifunga ndoa kanisani Ruwi tarehe 27 Aprili 2013, wakajaliwa binti mmoja, Kokushubila, tarehe 3 Juni 2015, na kwa miaka yote hiyo Mzee alipita pale kila Ijumaa na kahawa mfukoni, akimpa mkwe wake na kumkodolea macho, na mkwe akitafuna kwa uso uliotulia kama maji ya mtungini.

Mwanzoni mwa mwaka 2025 Leonard alianza kutoka kila Jumanne, akiaga kwamba anakwenda Khuwair ya Kusini kurekodi sauti ya tangazo, na tarehe 11 Februari Ildefonce alimfuata kwa siri, kama ni siri kumfuata mtu na ngazi ya kazi juu ya gari, akamwona anaingia jengo lenye duka la magauni chini, akajisemea za mwizi arobaini, leo zimetimia. Alipanda ngazi mbiombio, akamkuta mkwe wake kwenye kiti cha kliniki, mkono una dripu, saratani ya kongosho. Leonard alimsihi asiseme mpaka mtoto apokee Komunyo ya Kwanza mwezi Mei, na Mzee alikubali, akavuta kiti, akakaa kumshuku daktari.

Ikabidi sasa naye aigize, na tuseme kweli, Mzee wetu kipaji hana, Belinda alimshuku yeye kabla ya mumewe, akadhani baba yake mdogo amepata mwanamke Khuwair. Leonard alikula na kutania mezani, mke akigeukia jikoni mume uso unamshuka, akirudi unapanda, na Ildefonce aliyaona yote mawili. Mei, baada ya Komunyo, Belinda aliambiwa, akakasirika, akasamehe, akauguza.

Ijumaa tarehe 31 Oktoba 2025 Mzee alimpa kahawa kama kawaida, Leonard akaing'ata, uso wote ukakunjamana, akaitema kiganjani, akakiri kwamba tangu posa kitu hiki kwake ni shubiri, alitafuna kwanza ili apewe Belinda, halafu kwa kuogopa asije akanyang'anywa. Ildefonce, aliyengoja miaka kumi na miwili amnase, alitoka kibarazani akalia, maana alijua mkwe wake sasa amekuwa mtu wa nyumbani, na amekwisha. Alifariki Jumapili tarehe 9 Novemba, Belinda amemshika mkono.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, hata waliohojiwa na Mzee, jirani zetu Bwana Ishaq na Bi Ghaliya waliopika tangu msiba ulipoingia, na waigizaji wenzake waliotuma salamu za rambirambi kutoka Uingereza.

Tukitoka makaburini kahawa itapitishwa, na Mzee Ildefonce anaomba kila asiyeipenda akunje uso waziwazi. Nawe, mkwe wetu Leonard, kazi imekwisha, ulegeze uso wako, upumzike kwa amani.