Birika la Bi Nellie na Sheria ya Mfalme Edward

Benchi lenyewe liliegemea ukuta wa kanisa lililo kwenye uchochoro wa London ulio nyuma ya ofisi za mawakili. Miguu mitatu ilikuwa mizima, wa nne ulikuwa tofali. Mbele yake Bi Nellie Tuckwell aliweka meza yake, na juu ya meza birika la bati kubwa kama mtoto wa miaka mitano, ila hili lilikuwa halilii ovyo. Mwaka huo wa 1967 alikuwa ametimiza miaka ishirini na miwili akiuza chai pale pale, ndani ya uwanja wa kanisa, katikati ya makaburi ambayo wenyewe hawakuwahi kulalamika. Basi Jumanne asubuhi akakuta barua imebandikwa kwenye birika. Bwana Haythorne, mzee wa kanisa, anamjulisha kwamba sheria ya Mfalme Edward wa Kwanza, ya mwaka 1285, inakataza magulio na masoko katika viwanja vya makanisa. Meza iondoke kabla ya Ijumaa.

— Elfu moja mia mbili na ngapi? aliuliza Korporali, mzee Alf Bunce, aliyepigana vita vyote na masufuria ya jeshi.

— Themanini na tano. Soma mwenyewe, macho unayo.

— Hiyo imeshaoza, Nellie! Nyama ya kopo tu haifiki huko.

— Na mfalme mwenyewe kafa, alidakia Wakili. Huyu hakuwa wakili wa kitu chochote. Alikuwa mwendesha lifti kwenye jengo la mawakili, na sheria alizisikia kati ya ghorofa ya chini na ya nne kwa miaka thelathini. — Bosi akifa, maagizo yake yanamfuata. Hilo nimelisikia kwa masikio yangu.

— Ulisikia nusu, watu wakashuka, alisema Bi Nellie. Nyamazeni kwanza. Kadi, mbona umekaa kama umemeza kijiko?

Kadi alikuwa Bwana Septimus Pask. Kazi yake ofisini ilikuwa kuorodhesha sheria za kale za bunge. Kila sheria na kadi yake: mfalme nani, mwaka gani, iko hai au imekufa, na kama imekufa, ni sheria gani iliyoiua. Sasa aliangalia chai yake kama mtu aliyeitwa kutambua maiti.

— Naijua hiyo kadi, alisema. Niliiandika mwenyewe.

— Enhe?

— Iko hai.

Bi Nellie alifuta kikombe kilichokuwa kikavu.

— Hai vipi, bwana? Miaka karibu mia saba!

— Hapa kwetu sheria haifi kwa uzee, Bi Nellie. Haifi hata ikisahauliwa. Mpaka bunge liiue kwa jina lake. Hiyo ndugu zake wengi wameuawa. Iliyokuwa inaamuru kila mwanamume aweke silaha nyumbani, imekufa. Ya kufyeka vichaka kando ya barabara, imekufa. Huo mstari wa masoko ndio uliobaki.

— Iliandikwa lugha gani? Wakili aliuliza kwa ujanja.

— Kifaransa. Kile cha zamani.

— Basi si yetu! Waipelekee Paris huko!

— Subiri, alisema Korporali, ameinuka kabisa. Si iliandikwa kwenye ngozi ya kondoo? Panya wanakula ngozi. Kama wameshaula huo mstari, sheria itoke wapi?

— Hawajaula. Nimeuona.

— Uliuona lini? Panya hawana likizo!

— Na huyo kondoo, Wakili akaongeza, kama aliibiwa? Sheria juu ya mali ya wizi inasimama kweli?

— Mtanitia wazimu, alisema Bi Nellie. Akamwinamia Kadi, sauti chini. — Si uliwahi kutuambia kuna droo ya zile sheria zisizojulikana mwaka wala mfalme? Zilizorundikwa mwisho wa kitabu cha sheria?

— Ipo.

— Kadi moja tu. Itateleza humo, nani ataiona?

Kadi alikitua kikombe chake mezani.

— Kesho mwingine kama wewe atakuja kutafuta sheria ya kumwokoa, alisema. Akute kuna mtu aliitelezesha kwa sababu ya chai?

Bi Nellie alitamani kumzaba kofi. Alitamani zaidi kwa sababu Kadi alisema kweli. Huko nje ya geti kulikuwa na mabasi, matope na askari wa kufukuza wauzaji, na yeye ana miaka sitini na tisa.

Hapo ndipo alipoingia mama mmoja mgeni, kakumbatia mfuko wa nguo kuukuu, na kofia mbili kazivaa moja juu ya nyingine. Nyuma yake alikuja Bwana Haythorne mwenyewe, kunywa chai ya saa nne kama kawaida. Ndiyo, barua alibandika, na chai alitaka.

— Samahanini, alisema yule mama. Nguo za mnada wa kanisa niziweke wapi? Nimeambiwa Jumamosi tunauzia hapa uwanjani.

Korporali alimtazama Wakili. Wakili alitazama tofali. Kadi aliinua kichwa taratibu, kama mtu aliyesikia jina lake.

— Mimi sijui, mama, alisema Bi Nellie, akamgeuzia Haythorne birika lenye barua. — Mwulize bwana huyu. Yeye ndiye mwenye sheria.

— Bwana Haythorne, niziweke wapi?

Haythorne alisoma barua yake kana kwamba imeandikwa kwa kile Kifaransa. Kisha akaibandua pole pole, akaikunja mara nne, akaitia mfukoni.

— Hapo ukutani, mama, alisema. Karibu na benchi.

— Bado iko hai lakini, Kadi alinong'ona.

— Najua, alisema Bi Nellie. Iache ilale. Akachukua kikombe. — Sukari vijiko vingapi, Bwana Haythorne?

— Viwili, tafadhali.

Akamtilia kimoja.