Kidonge Kilichonyimwa Jina

Wasikilizaji wapendwa, popote mlipo, sogezeni viti. Aliye jikoni apunguze moto. Leo tunamkumbuka Bi Mwanahalima binti Shamte, wa Kisiwa cha Bwejuu, Mafia. Alifariki Jumatano iliyopita, akazikwa Bwejuu siku ya pili yake. Umri wake haujulikani vizuri. Mwenyewe alikuwa akisema alizaliwa mwaka ule nyangumi alipokwama mchangani, watu wa Bwejuu wakala nyama mpaka paka wakasusa. Nimewauliza wazee. Kila mmoja anataja mwaka wake, ila habari ya paka wote wanakubaliana.

Mjukuu wake, Chiku, ndiye aliyemuuguza hospitali siku za mwisho. Anasimulia hivi: "Muuguzi alileta vidonge. Bibi akafumba mdomo. Akauliza, vinaitwaje? Muuguzi akasema, ni vya homa, bibi, wewe meza. Bibi akamwambia, sikukuuliza vya nini, nimekuuliza vinaitwaje. Mpaka alipoambiwa klorokwini ndipo akapokea maji."

Muuguzi alidhani ni ukaidi wa uzee. Haukuwa ukaidi wa uzee, wasikilizaji wapendwa. Ulianza Bi Mwanahalima akiwa na miaka kumi na tisa, chumbani, kisiwani Chole, zama za Mdachi, yaani Mjerumani. Na ulianza kwa sababu ya kidonge kimoja. Kidonge kile kilikuwa kwinini.

Vijana wa leo huenda hamuijui kwinini. Kabla ya klorokwini kulikuwa na kwinini. Wadachi ndio walioileta bomani Chole, nayo ilikuwa dawa ya homa. Chungu. Chungu ya kumfanya mtu akumbuke madhambi yake ya utotoni. Basi jina likaenea haraka kuliko dawa yenyewe. Watu ambao hawajawahi kuiona kwa macho walikuwa nalo mdomoni kutwa. Chai isiyo na sukari, kwinini. Maneno ya wifi, kwinini. Mama akitaka kumwachisha mtoto ziwa alimtishia: nitapaka kwinini. Kulikuwa na mzee mmoja Miburani, Mungu amrehemu, aliyempa mbuzi wake jina hilo, na mbuzi yule alikuwa mkali kweli.

Sasa mumshike vizuri Bi Mwanahalima. Alikuwa msichana wa Bwejuu. Maji yakitoka alishuka mwambani na wenzake kuchokoa pweza, na walisema hakuna pweza aliyewahi kumshinda kwa mkono wa kulia. Akiwa na miaka kumi na sita akaolewa na Zahor, mtu wa Chole, mwenye nyumba ya mawe na minazi upande wa Kiegeani. Ndoa kubwa. Siku ya harusi akaingia ndani ya nyumba ile, mlango ukafungwa, na kwa miaka mitatu hakutoka.

Narudia, miaka mitatu. Si kwamba alitoka kidogo. Hakutoka.

Zahor alikuwa na wivu, na wivu wenyewe ulikuwa haujui mipaka. Alimchinja jogoo wake mwenyewe kwa kosa la kupanda ukutani na kuwika huku akitazama uani. Supu yake ililiwa na nyumba saba. Madirisha ya baharini akayapigilia mbao. Mwanahalima akawa anajua maji yametoka au yamejaa kwa harufu ya tope peke yake. Alisuka mikeka. Akimaliza mmoja alianza mwingine, mpaka nyumba ikawa haina pa kuutandika. Baba yake Mzee Shamte alipofariki, Bwejuu, mwendo wa mashua usiozidi asubuhi moja, hakuruhusiwa kwenda kumlilia. Alilia juu ya mkeka.

Mara mbili aliomba talaka. Mara ya pili Zahor alimjibu kwa upole kabisa, kama mtu anayemweleza mtoto. Akasema, "Katika ukoo wetu mwanamke hutoka nyumbani mara moja. Na siku hiyo huwa amebebwa."

Basi ikatokea Zahor anasafiri kwenda Unguja, na nazi zake, kwa miezi kadhaa. Siku zile zile habari zikaingia Chole kwamba msaidizi wa dawa wa bomani anapita nyumba kwa nyumba na bati la kwinini. Na hakuachi tu na kidonge. Anakwambia meza mbele yake, kisha fungua mdomo, kisha inua ulimi, aone kama kimeteremka. Kwa sababu watu walikuwa wakikificha shavuni, akigeuka wanamtemea kuku.

Zahor aliposikia kwamba mwanamume atatazama chini ya ulimi wa mkewe, uso ulimbadilika. Akamwita Mwalimu Mbaraka, aliyekuwa akisomesha watoto msikitini na kuamua kesi za ndoa. Akamwita na mama yake mzazi, Bimkubwa, aliyekaa naye nyumba ile ile. Mbele yao akamwambia mkewe: siku utakayomeza kwinini ya Wadachi, umeachika kwangu, talaka tatu. Kisha akafunga mlango, akampa mama yake ufunguo, akaenda zake.

Alidhani ameongeza kufuli. Wasikilizaji wapendwa, wekeni kiapo hicho akilini. Siku utakayomeza kwinini, umeachika.

Haukupita mwezi, Mwanahalima akashikwa na homa. Homa hiyo haikuwa ya mzaha. Chiku anasema bibi yake alikuwa akiwaambia kwamba Bimkubwa alimweka kitambaa cha maji kipajini, akageuka kuchukua kingine, akirudi cha kwanza kimeshakauka na kinanukia pasi. Walimpa mwarobaini, akanywa. Mwalimu akamwandikia kombe, aya kwa zafarani zilizooshwa kwa maji, akanywa. Siku ya nane akaanza kuongea na marehemu baba yake. Siku ya tisa akawa haongei na mtu.

Hapo Bimkubwa akamwita Mwalimu Mbaraka barazani. Mwana huyu anakufa, akamwambia. Dawa iko bomani, hatua mia mbili kutoka hapa. Nimpe, mwanangu hana mke. Nisimpe, mwanangu hana mke. Nifanye nini?

Mwalimu akafikiri, akapata njia. Na njia yenyewe ilikuwa ya kielimu. Akasema kiapo kinamshika anayejua na kutaka. Mtu akila kitu bila kujua ni kitu gani, hajatenda lililoapiwa. Na kukisia si kujua. Kwa hiyo mgonjwa apewe ndani ya chakula, asiambiwe. Jina la dawa hiyo lisitamkwe ndani ya nyumba hii, na mtu yeyote, mpaka apone. Atapona, ndoa itabaki, na Zahor akirudi hakuna cha kusema.

Bimkubwa akambusu mkono. Wakatuma mtu Bwejuu kumwita Hemedi, kaka yake Mwanahalima, maana ndiye mwanamume pekee aliyeweza kuingia chumbani kwake bila jogoo mwingine kuchinjwa. Hemedi akaenda bomani akajifanya mgonjwa. Alipewa kidonge, akafungua mdomo, akainua ulimi, na kidonge kikakaa nyuma ya jino la mwisho bila kuonekana. Siku tatu alifanya hivyo, mara kadhaa kwa siku, na vingi viliyeyuka vikateremka. Alipofika kwa dada yake na viwili vilivyosalimika alikuwa na mlio masikioni kama mtu aliyelala ndani ya ngoma. Alikuwa hasikii, maana kwinini nyingi huziba masikio, na asiyesikia hupiga kelele. Mlangoni tu akaanza kusema kwa sauti ya kuita chombo: shikamoo mama, nimeileta ile... Bimkubwa alimtia pande la halua kinywani kabla hajamaliza, akasema marahaba.

Ilikuwa Alhamisi, mchana, jua limesimama juu ya paa. Chumbani alikuwamo Mwanahalima kitandani, Bimkubwa pembeni yake, Hemedi mlangoni anatafuna. Nyuma ya pazia, barazani, Mwalimu Mbaraka anasoma. Bimkubwa akachukua tonge la halua, kidonge kimo ndani, akamwinua mgonjwa kichwa.

"Kula kidogo, mwanangu. Upate nguvu."

Mwanahalima akafungua mdomo. Akauma mara moja. Akaacha kutafuna.

Uchungu ule ulimrudisha kutoka alikokuwa amekwenda. Ulimi ulikunjamana, macho yakafunguka, na kwa mara ya kwanza baada ya siku kadhaa akaona dari, akaona kaka yake, akaona jasho juu ya mdomo wa mkwewe. Akatoa lile tonge kinywani, akaliweka kiganjani. Kidonge kilikuwa kimechungulia, cheupe, katikati ya halua.

Akauliza, "Hii nini, mama?"

Ni dawa, Bimkubwa akamwambia. Dawa gani? Ya homa. Nyuma ya pazia Mwalimu akakohoa, akaongeza kwamba mgonjwa hapaswi kusumbua akili, ameze tu na aseme bismillahi.

Homa ilikuwa inamtetemesha Mwanahalima mpaka kitanda kinalia. Lakini mle ndani ya homa alikuwa macho, na alikuwa anahesabu. Mliponipa mwarobaini, akasema polepole, mlisema mwarobaini. Mliponipa kombe, mlisema kombe. Hiki hakina jina kwa nini? Bimkubwa akalitazama pazia. Na hapo Mwanahalima akafahamu yote. Akafahamu kwamba wamekaa, wakapanga namna ya kumponya bila kumfungulia. Atapona, atainuka, ataendelea kusuka mikeka.

"Nitajieni jina lake nimeze," akasema. "Msiponitajia, nizikeni nacho mkononi."

Akafumba mkono, akafumba na macho.

Hemedi, ambaye alikuwa amesikia nusu ya maneno hayo, alianza kulia. Mwalimu nyuma ya pazia akamsihi: binti, huo ni ujinga, roho ni amana, huruhusiwi kuichezea. Pumzi ya Mwanahalima ikawa fupi, kama mtu anayepanda ngazi. Bimkubwa aliushika ule mkono kujaribu kuufungua. Vidole vile vilikuwa vimeng'oa pweza miaka na miaka. Havikufunguka.

Bimkubwa akainama karibu na sikio lake.

"Mwanangu, unajua nikilitaja kitatokea nini?"

"Najua, mama. Ndiyo maana nauliza."

Bimkubwa mwenyewe aliletwa katika nyumba ile akiwa na miaka kumi na minne. Alikuwa na mwana mmoja tu, Zahor, na alimpenda kuliko macho yake. Mikononi mwake sasa alikuwa na mtoto wa mwenzake, anawaka, anakata pumzi, na ufunguo wa mlango ukiwa umefungwa kwenye pindo la kanga yake yeye Bimkubwa. Chiku anasema bibi yake hakuwahi kujua kimya kile kilichukua muda gani. Alikumbuka tu kwamba nzi alitua kwenye halua, akaruka, akatua tena.

Kisha Bimkubwa akasema, "Ni kwinini."

Mwalimu akamwita kwa sauti ya onyo. Bimkubwa hakugeuka.

"Ni kwinini ya Wadachi. Ile ile aliyoiapia mwanangu. Kwinini. Umesikia, Mwalimu? Kama hujasikia nitalisema tena."

Mwalimu Mbaraka akasema amesikia. Angesema nini? Na Hemedi mlangoni, pamoja na uziwi wake wote, hilo alilisikia.

Mwanahalima akafungua mkono. Akakitoa kidonge ndani ya halua, akakifuta kwa kidole, akakiweka kwenye ulimi wake kikavu, kikiwa peke yake, bila utamu wowote. Akameza. Kisha akafungua mdomo, akainua ulimi, akamwonyesha mkwewe. Hakuombwa afanye hivyo.

Kesho yake Bimkubwa alikwenda bomani mwenyewe, kwa miguu yake, buibui limemfunika, akasimama mbele ya meza, akaomba vidonge vya siku saba. Watu wa Chole walitoka kumtazama. Wengi walikuwa hawajawahi kumwona nje.

Homa ikapungua, ikaondoka. Mwanahalima akakaa eda yake katika nyumba ile ile. Hicho nacho kilikuwa kifungo, miezi mitatu, lakini alikihesabu siku kwa siku kwa uso mkunjufu, maana kilikuwa na mwisho. Mbao za madirisha Bimkubwa alishaamuru zing'olewe.

Zahor alirudi na kelele. Akasema mkewe amedanganywa, amelishwa bila kujua, talaka haikupita. Mwalimu ikabidi atoe ushahidi asioutaka: alijua, alitajiwa, akataka, na mimi nilikuwepo. Zahor akamgeukia mama yake, akamwuliza, ni wewe uliyelitaja?

"Ni mimi," akasema Bimkubwa. "Ningenyamaza ungekuta kaburi. Kaburi nalo ungelifungia mlango?"

Zahor aliketi chini, hapo hapo kwenye kizingiti.

Mwanahalima akarudi Bwejuu. Akaolewa tena, na Jumanne, mvuvi asiye na mlango wa kufunga kwa sababu nyumba yake haikuwa na mlango. Walizaa saba. Alichokoa pweza mpaka uzeeni. Na huko Bwejuu, Chiku ananiambia, mpaka leo wanawake wakimzungumza mwenzao aliyeamua jambo zito huku akijua gharama yake, wanasema: yule amekunywa kwinini. Kwetu ilikuwa dawa ya homa. Kwao ina maana hiyo pia.

Tunatoa mkono wa pole kwa watoto wa marehemu, kwa Chiku na wajukuu wote, kwa jamaa wa Bwejuu, na kwa kizazi cha Bimkubwa kule Chole, ambao walivuka kuja kuzika kama ndugu. Mwenyezi Mungu amlaze Bi Mwanahalima mahali pema, amwekee na milango mingi.

Nanyi wasikilizaji wapendwa, mkizima redio hii, tazameni nyumbani mwenu. Huenda lipo neno ambalo kila mtu analijua na hakuna anayeruhusiwa kulitamka mbele ya mtu fulani. Mwangalieni mtu huyo usoni. Huenda amefumba mkono, na anangoja mmoja wenu aseme.