Radi ya Kwanza Si ya Kazi

Mheshimiwa Mgeni Rasmi. Bwana Meneja wa Karakana. Wazee wetu mliowahi kushika mlingoti. Wahunzi wenzangu, Wafuaradi kwa binadamu. Ndugu wageni waalikwa, mabibi na mabwana: nawasalimu nyote kwa heshima. Na kwako Shangazi yangu, ambaye ndiwe tunayekuaga leo, shikamoo yako ya peke yako.

Nimeitwa hapa mbele kwa mambo mawili. La kwanza, nimuage Shangazi. La pili, nikubali mbele yenu kushika mlingoti badala yake. Nitaanza na la kwanza, na mnivumilie, maana nina hasira na sioni sababu ya kuificha.

Wageni ambao hamjawahi kufika karakanani, mjue kwamba sisi Wafuaradi hatuwashi tanuri. Chuma chetu hupashwa moto na radi. Dhoruba ikikaribia, nywele zetu husimama, kucha zetu za shaba huanza kuwasha, na mwenye mlingoti hupanda ukutani peku, akaikamata radi kwa ncha yake na kuishusha kwenye fuawe, palipolazwa chuma. Koleo nashika mimi. Nyundo alishika kaka yangu. Mlingoti, tangu sijaota meno, ni wa Shangazi.

Na radi ya kwanza ya kila dhoruba haifanyi kazi. Huachwa iende ardhini. Wazee wetu walisema ni ya kuwasalimu waliotutangulia. Shangazi yeye husema, "Huyu kaja kutoka mbali, hujui kaamkaje. Mwache kwanza akae."

Sasa nimesikiliza hotuba zilizonitangulia. Nimesikia "mama yetu", nimesikia "hazina yetu", nimesikia "nguzo ya karakana". Jamani, leo kilemba cha ukoka kimevikwa mtu mpaka kimemfunika macho! Kama ni hazina, mbona mnaitupa? Kama ni nguzo, ni nani mwenye akili timamu anayeng'oa nguzo watu wakiwa bado ndani ya nyumba? Na ile zawadi pale mezani, iliyofungwa utepe mwekundu, nimeiona. Mwavuli! Mmemnunulia Mfuaradi mwavuli. Ningecheka kama asingekuwa shangazi yangu.

Basi nisemeje kwa nini anaondoka, ikiwa wote waliosema wamelizunguka jambo hilo kama shimo la barabarani? Msimu huu dhoruba zimekuwa chache. Mageti ya hospitali mpya tunayoyafua yanasubiriwa, na Mheshimiwa, wewe mwenyewe unayasubiri. Bwana Meneja akapanda ukutani na viatu vyake vya mpira, akamwambia Shangazi, tena mbele yetu, "Mama, hiyo ya kwanza unaimwaga bure. Tumia zote." Shangazi akamjibu, "Mwanangu, hiyo si yangu wala si yako." Alisema mara moja tu, hakurudia.

Kesho yake akaambiwa akapumzike nyumbani. Dhoruba iliyofuata, mlingoti alipewa mlinzi wa stoo, Mfuaradi mwenzetu, mtu mwema asiyejua kukataa, akaamriwa aishushe ya kwanza. Akaishusha. Geti likapasuka katikati kama kigae. Na kaka yangu, aliyekuwa ameinua nyundo, hajasikia kitu tangu siku ile.

Amekaa pale, mstari wa mbele. Shati amepigiwa pasi na mkewe. Anapiga makofi kila anapoona ninyi mnapiga. Na Bwana Meneja aliposimama hapa na kusema kwamba ajali ile ilitokana na Shangazi kutowafundisha wenzake, mkapiga makofi, naye akapiga. Wifi yangu ndiye aliyemshika mikono akaishusha. Mliliona hilo? Au mlikuwa mnatazama keki?

Tena lipo ambalo wageni hamlijui, lakini Bwana Meneja analijua vizuri sana. Binadamu akistaafu hulala, hulima bustani, hucheza na wajukuu. Mfuaradi asiyeguswa na radi hushika kutu. Huanza kwenye viwiko, ikapanda mabegani, mwishowe hata chai ananyweshwa. Tangu mmweke nyumbani Shangazi, mikono yake haifiki kichwani. Leo asubuhi kitambaa hicho cha kichwani nimemfunga mimi. Akajifanya ananifanyia hisani, akanitania, "Funga vizuri, ukiniziba macho nitafanana na meneja wako." Ehe, chekeni. Mimi nilitoka uani nikalia. Hii mnayoiita kumpumzisha, mimi naiita kumwua taratibu huku mnakata keki.

Nimekuja kwenye la pili. Mlingoti sishiki.

Bwana Meneja, usitikise kichwa, sijamaliza. Wahunzi wenzangu, najua kucha zinawawasha. Mimi nywele zimenisimama tangu Mheshimiwa alipoingia, na haikuwa kwa heshima peke yake. Dhoruba inakuja, kubwa, huenda ndiyo ya mwisho msimu huu. Mlinzi wa stoo ameapa hagusi mlingoti tena hata mkimfukuza. Wazee wale pale viwiko vyao mnaviona. Amebaki nani? Utapanda wewe, na viatu vyako vya mpira?

Basi chagua. Useme mbele ya watu hawa kwamba amri ilikuwa yako na kosa ni lako, Shangazi arudi ukutani leo hii, kutu yake bado changa na radi itaitoa, mimi mwenyewe nitambeba mgongoni nimpandishe, na radi ya kwanza iende zake ardhini. Ama sisi tutakaa hapa hapa kwenye viti vya kukodi, tutamalizia soda zetu taratibu, dhoruba itapita juu ya paa hili, na mageti ya Mheshimiwa yatabaki vyuma baridi.

Ukisema, usinitazame mimi. Mtazame kaka yangu, useme polepole, aweze kuisoma midomo yako.

Mheshimiwa, Shangazi, ndugu zangu, nashukuru mmenivumilia na mmenisikiliza. Bwana Meneja, kipaza sauti hiki hapa. Chukua.