Filamu ya Mwisho ya Dada Boksi

Wasikilizaji wapendwa, sogezeni viti. Leo tunamkumbuka mtengenezaji wa filamu na mchoraji, marehemu tuliyemwita Dada Boksi. Ila nawaambia mapema: kuna jambo halikuniingia akilini, na mimi si mtu wa kumezeshwa kila kitu.

Kwa nini Boksi? Kwa sababu hakupiga picha yoyote kabla ya kuichora. Alichana maboksi ya sabuni, akachora kila tukio kwa rangi, akayabandika ukutani mpaka dirisha likafunikwa. Narudia: alichora kwanza, kamera baadaye. Hakuwa na kampuni wala bosi. Waigizaji wake walikuwa majirani. Taa alifungiwa na kaka yake, fundi umeme.

"Alinisimamisha juu ya ngazi nusu siku," kaka anasema, "eti kivuli kimekaa vibaya. Kivuli, jamani! Kikikaa vizuri kinakaaje?"

Picha zake zilitulia tuli. Na yeye mwenyewe hakuonekana ndani ya filamu zake hata kidogo. Ukimwelekezea kamera, anakimbilia nyuma ya mlango.

Basi, siku chache baada ya mazishi, mhariri wake wa filamu akaja na filamu mpya. Eti ni ya marehemu. Tukaitazama sebuleni kwao, nami nikiwepo. Inatikisika mwanzo mwisho. Na aliyemo ni Dada Boksi mwenyewe, yuko kitandani, amekonda, anacheka. Kaka akapekua chumba kizima. Hakuna boksi hata moja lililochorewa filamu hiyo.

Akamgeukia mhariri. "Ulimpiga picha dada yangu akiwa hajiwezi. Unatafuta jina kwa mgongo wa maiti!"

Mhariri kimya. Macho sakafuni. Nikajisemea, huyu ana lake jambo. Asiye na kosa angejitetea, au sivyo? Kaka akamwamuru aifute filamu hapo hapo, mbele yetu. Mhariri akashika kompyuta. Akamtazama mama wa marehemu.

"Usifute," mama akasema. "Kamera niliishika mimi. Mwanangu aliniomba. Alisema, mama, mikono yangu imeisha nguvu, leo sichori, wewe shika tu unitazame. Huyu nilimwapisha asiseme. Niliogopa mtasema, mama gani huyu, mwanawe anakata roho, yeye anapiga picha."

Kaka alikaa chini akalia. Nililia na mimi, sioni haya kusema.

Wasikilizaji wapendwa, tunampa pole mama, tunampa pole kaka, na mhariri aliyebeba lawama isiyo yake. Nawe unayenisikiliza, yupo mtu unayemshuku kwa sababu tu amenyamaza? Jiulize kwanza anamnyamazia nani.

Filamu itaonyeshwa. Mhariri alimuuliza mama aandike jina gani kwenye nafasi ya mpiga picha.

"Jina langu la nini?" akajibu. "Andika, mama yake."